Mashine Mpya Imekataa Wimbo wa Alphonse

Hewa Bora, Kampemba,
Lubumbashi.
Jumapili, tarehe 6 Julai 2025.

Mpendwa shemeji, mulamu wangu Symphorien,

Nakusalimu wewe, na mkeo Léa, na wote wanaolala chini ya paa lenu pale Kongolo. Mgongo wako unaendeleaje? Mara ya mwisho simu ilipokubali, kabla haijakatika, nilisikia neno "mgongo" tu. Sikujua kama umepona au umezidi kuuma. Na macho ya Léa je? Na mvua iliyoezua darasa lako, wazazi walikusaidia kurudisha mabati au bado unafundisha juani? Nakuomba unijibu swali kwa swali. Usiniandikie "sote wazima" kama ulivyozoea, maana hilo ni jibu la mtu mvivu, na wewe ni mwalimu.

Mimi nipo. Magoti yanalalamika kidogo, lakini yananifikisha kanisani. Baridi ya Julai mwaka huu imekuja na hasira zake. Asubuhi navaa koti la reli la marehemu kaka yako Alphonse juu ya kitenge na kutoka nalo hivyohivyo hadi sokoni, na anayetaka kucheka acheke. Vumbi la huku unalijua: ukifuta meza saa mbili, saa sita unaweza kuandika jina lako juu yake.

Tracy, binti yetu, bado yuko Johannesburg. Ananipigia simu kila Jumapili baada ya misa, dakika kumi, halafu wateja wa saluni yake wanamwita. Wakati wa Pasaka alinitumia kompyuta mpya, nyembamba kama sahani, ili tuonane uso kwa uso tunapoongea. Tunaonana kweli. Ila akishazima, ile kompyuta inabaki nyeusi na ninauona uso wangu mwenyewe ndani yake, na huo siuhitaji, nimeuzoea.

Sitakuficha, Symphorien. Niko mpweke. Watu wananiambia mwaka wa kwanza ndio mgumu, nami nimeuhesabu karibu wote na sioni unapolegea. Kaka yako alikuwa mtu wa kelele. Alipiga mluzi bafuni, alikoroma, aligonga meza kwa kijiko akitafuta mapigo ya wimbo, nami nikimwambia aache, chai inamwagika. Sasa chai haimwagiki.

Ninapofagia huwa naimba, maana nyumba imekuwa kimya mno. Lakini wajua mimi nimekuwa sauti ya pili kwenye kwaya yake miaka thelathini na minane, sijui kuimba kitu kingine. Majuzi jirani yangu Mujinga alisimama kwenye uzio akaniuliza, "Mama Edith, njo lwimbo gani ile unaimbaka kila asubui?" Ulikuwa wimbo wa Pasaka, ambao yeye mwenyewe anauimba kila mwaka pamoja na sisi! Hakuutambua. Na si kosa lake. Sauti ya pili ikiwa peke yake haifanani na wimbo wowote. Inapanda kidogo, inashuka kidogo, inakaa palepale ikisubiri wenzake.

Basi sasa nije kwenye jambo lililonifanya nichukue kalamu.

Misa ya mwaka mmoja ya Alphonse itakuwa Jumamosi tarehe 16 Agosti. Kwaya itaimba. Gauthier, aliyerithi fimbo ya kuongozea, alikuja kwangu juma la Pentekoste kuniuliza tuimbe nini. Nikamwambia: ule wimbo wa mwisho wa Alphonse. Akaniuliza upo wapi. Nikammiminia chai.

Nilimmiminia chai kwa sababu sikujua. Nilichokuwa nacho ni maneno tu. Kule hospitali, siku ya tatu au ya nne, Alphonse alinishika mkono akasema, "Nimekuandikia lwimbo, Edith. Iko mu machine." Nami, mke mwema niliyekuwa, nilimjibu, "Lala kwanza. Utaandika nyingine ukipona." Sikumuuliza ni wimbo gani. Sikumwambia asante. Nilikuwa nimechoka na nilikuwa nahesabu matone ya serumu yakishuka kwenye mrija. Jibu hilo limekaa na mimi mwaka mzima.

Gauthier ni kijana mwenye adabu, lakini alijikohoza kisha akasema, "Mama Edith, ile lwimbo iko kweli, ao ilikuwa tu mawazo ya vieux?" Nikamwambia mzee wake hakuwa anaota, wimbo upo. Akanipa hadi tarehe 2 Agosti. Siku hiyo asipoona karatasi, wataanza mazoezi ya wimbo mwingine. Alivyofunga mlango niliketi nikajiuliza kama nimedanganya.

Kompyuta ya Alphonse unaikumbuka, ile kubwa ya sebuleni aliyoifunika kwa kitambaa cha kushona kana kwamba ni tabernakulo. Iliungua mwezi wa Januari. Umeme ulikatika siku mbili, uliporudi ulirudi kwa nguvu, mashine ikatoa moshi mwembamba na kunyamaza. Aliyeifungua ni Keren, soprano wetu wa mstari wa mbele, mwenye kile kibanda cha kuchapa na kutoa kopi kule Naviundu. Ni mwanamke wa miaka thelathini na kitu, mikono mepesi, mdomo mwepesi zaidi. Vingi vilikuwa vimeharibika, lakini aliokoa nyimbo: mafaili mia mbili na kumi na manne, yote ndani ya flashi moja ndogo kuliko kidole. Faili la mwisho lina tarehe 29 Julai ya mwaka jana, siku tatu kabla hatujampeleka hospitali. Halikupewa jina. Limeandikwa tu "sans titre".

Nilifurahi, sitakudanganya. Nikafikiri mambo yamekwisha. Flashi ipo, kompyuta mpya ya Tracy ipo, ninabonyeza tu. Nikabonyeza. Kompyuta ikaniuliza ninataka kulifungua faili kwa kutumia nini. Yaani inaniuliza mimi!

Keren akanieleza kwamba muziki ule hausomeki ila kwa programu ileile aliyouandikia. Alijaribu nyingine tatu za kisasa, zote zilishindwa. Basi tukatafuta CD ya programu hiyo, ile Alphonse aliyoinunua zamani, wakati Tracy bado anavaa sare ya shule. Nilipekua nyumba nzima. Niliipata siku ya pili kwenye droo la kabati la vyombo, kati ya mabaki ya vitambaa vya sare za kwaya, imefungwa ndani ya soksi safi. Kaka yako huyo.

Nikarudi kwa kompyuta mpya na CD yangu mkononi. Niliizungusha ile kompyuta pande zote nne, nikaigeuza tumbo juu, sikuona mahali pa kuiingiza. Keren alicheka hadi akakaa chini. Mashine za leo hazina mdomo, alisema. Akaleta kifaa cha kusomea CD, akakiunganisha kwa waya, nami nikajipangusa mikono kama mtu anayengoja kupewa mtoto ambebe.

Ndipo yakatokea maandishi haya, nayanakili kama yalivyo: "Cette application ne peut pas s'exécuter sur votre PC." Haiwezi kufanya kazi kwenye kompyuta yako. Basi. Hakuna samahani, hakuna sababu. Nilikuwa katibu wa shule miaka ishirini na sita, nimeandika barua nyingi za kukataa watu, lakini zangu zilikuwa na "Bwana mheshimiwa" juu.

Keren alijaribu kuidanganya mashine, aiambie ijifanye ya mwaka 2001. Ilikataa kudanganywa. Aliweka alama hapa, akatoa pale, akazima, akawasha. Jibu likawa lilelile. Jioni ile aliniambia, "Mama, ile programme iko muzee, na machine iko mupya. Habasikilizane." Nikamwambia mimi pia ni mzee na yeye ni mpya, mbona tunasikilizana? Akasema, "Bon. Tutamujengea nyumba ya zamani mu machine ya mupya."

Sikuelewa hadi nilipoona. Inawezekana, Symphorien, kutengeneza kompyuta ya zamani ndani ya kompyuta mpya, si ya chuma, ya kuigiza tu, ikaketi mle kwenye dirisha lake dogo na kuamini kwamba miaka haijapita. Ilimchukua Keren siku nne. Siku mbili zilikuwa za kungoja umeme, unajua mambo yetu. Nyingine zilikuwa za CD ya mfumo wa zamani aliyorithi kwa baba yake, iliyojaa mikwaruzo, maana kila ilipofika asilimia thelathini na tisa ilisimama na kusema faili halionekani. Aliipaka dawa ya meno, akaisugua kwa kitambaa laini kutoka katikati kwenda nje, akaisuuza. Nilidhani ananitania. Ikapita thelathini na tisa.

Kisha kile kilima cha kijani kikatokea. Unakikumbuka? Kilima na anga la bluu na mawingu mawili matatu, picha iliyokuwa kwenye kompyuta ya Alphonse miaka yote ile, akisema ni milima ya Marungu na mimi nikimwambia hajawahi kufika Marungu. Nililia. Keren alidhani kuna kilichoharibika. Nikamwambia hapana, endelea, ni baridi tu.

Akaingiza CD. Safari hii ilikubali! Ule mstari wa bluu ukaanza kutembea, tukautazama sote wawili hadi karibu na mwisho. Halafu ukasimama, kikafunguka kisanduku kidogo cheupe kuomba namba ya leseni. Tarakimu kumi na sita.

Hapa, mulamu wangu, ndipo unapoingia wewe. Kaa vizuri.

Namba ile haikuwa kwenye boksi, kwa sababu boksi Alphonse alilitupa siku ileile aliyolinunua. Aliiandika ndani ya jalada la daftari lake jeusi la kwaya, chini ya picha ya Mtakatifu Sesilia aliyoibandika kwa gundi. Alisema ameiweka mle kwa sababu daftari lile ndilo kitu pekee ambacho hatakipoteza kamwe. Na kweli hakulipoteza. Aliondoka nalo.

Asubuhi ya mazishi, kabla sanduku halijafungwa, ulipenya kati ya watu na lile daftari mkononi, ukamwita kaka yako kama mlipokuwa watoto, ukasema, "Yaya haezi kwenda mikono bule." Ukalifungua kwenye jalada ili Sesilia atazame juu, ukaliweka kifuani pake, ukaikunja mikono yake juu ya ukingo. Wanawake walilia upya. Mimi nilikushukuru mbele ya wote, na mwaka mzima nimekuwa nikiwasimulia watu jinsi mdogo wake Alphonse alivyompenda. Lakini mbele ya kile kisanduku cheupe sikukushukuru. Nilikuita majina ambayo siwezi kuyaandika siku ya Jumapili.

Nilikulaumu siku nne nzima, ujue. Nilikulaumu nikifua, nikipika, nikipanga foleni ya maji. Nilisema, angeweka rozari kama watu wote! Angeweka kitambaa! Keren aliwaandikia waliotengeneza programu. Barua ikamrudia, kampuni ile haipo tena. Hakukuwa na mlango mwingine. Wimbo ulikuwa juu ya meza yangu na ufunguo wake ulikuwa chini ya ardhi, na aliyeuweka huko ni mtu ninayempenda.

Keren ndiye aliyekumbuka mpiga picha. Kwenye kilio kila kitu kinapigwa picha, unajua desturi yetu, hadi masufuria. Yule bwana alituletea picha zote kwenye flashi, ndani ya bahasha ya kaki, siku ya arobaini. Niliipokea, nikaiweka juu ya kabati la nguo, na sikuifungua. Watu wengine wanaziangalia kila wiki. Mimi sikuweza. Nilijiambia kwamba nina uso wake wa uhai kichwani na sitaki mwingine uje kuusukuma.

Keren alinijua. Akasema, "Mama, bakia inje. Miye njo nitaangalia." Nikampa bahasha, nikakaa nje ya kibanda kwenye kiti cha wateja, nikitazama watu wakipita kuelekea daraja la Naviundu. Akatoka na karatasi yenye tarakimu kumi na tano. Ya kumi na sita ilikuwa imefunikwa na kidole gumba cha Alphonse. Alikuwa tayari amezijaribu, akiweka sifuri hadi tisa mahali pa ile iliyofichwa. Mara kumi, na mara kumi mashine ilisema namba si sahihi.

"Mama," alisema, na safari hii hakuwa anatania, "mwandiko yake inanishinda. Hii iko moya ao saba? Na hii iko ine ao tisa?"

Nilielewa anachoniomba kabla hajamaliza. Mwandiko wa Alphonse duniani kote tunausoma watu wawili, mimi na wewe, na wewe uko Kongolo.

Nikaingia. Nikaketi. Nikamwambia fungua.

Nilijiandaa kuogopa, na kitu cha kwanza nilichokiona ni tai yake. Ilikuwa imepinda, Symphorien! Watu ishirini walimzunguka siku ile na hakuna aliyeona. Alikuwa na ule uso wake wa mazoezini, uso wa mtu aliyesikia besi wakiimba chini ya noti na anangoja wamalize ili awaambie. Hakuwa mwingine. Mwaka mzima nimemkimbia mume wangu mwenyewe. Nilimtazama muda mrefu, na Keren akajishughulisha na karatasi zake.

Kisha akaikuza picha. Uso ukatoka pembeni, ikabaki mikono, na Sesilia, na namba. Nilizisoma kama ninavyosoma orodha ya soko. Moja zake zina kofia, saba zake zina mkato tumboni kama walivyofundishwa na masista. Tisa zake hazifungi juu, ndiyo maana Keren alizisoma nne. Kumi na tano tukazipata, zote. Ikabaki ile moja chini ya kidole, nami nikajikuta nasema kwa sauti, kama nilivyozoea alipokuwa akinizuia kufuta meza, "Baba Tracy, tosha kidole, kiondoe!"

Keren hakujua acheke au alie. Akafanya vyote.

Tukajaribu tena. Sifuri, imekataa. Moja, imekataa. Mbili, tatu, nne. Nilikuwa nimeshika rozari mfukoni mwa koti la reli. Tano, sita. Ilipofika saba kisanduku kikafungwa, mstari wa bluu ukatembea hadi mwisho, na programu ya Alphonse ikafunguka, na mistari yake mitano mitano, na karatasi yake ya manjano.

Kwanza tulifungua ule wa Pasaka, kujaribu. Noti zilitembea lakini hapakuwa na sauti. Kumbe ile kompyuta ya ndani ilikuwa haijaruhusiwa kusema, Keren akaweka alama mahali fulani na ikaanza. Sauti zote nne, kwa kinanda chake kibovu. Wateja wawili waliokuja kutoa kopi walisimama wakasikiliza. Wao waliutambua.

Ndipo nikafungua lile lisilo na jina.

Wimbo upo. Nataka ulijue hilo kwanza, na Gauthier nitamwambia kesho. Una mistari minne, kama nyimbo zake zote: soprano, sauti ya pili, tenor, besi. Una mapigo ishirini na manne, kutoka mwanzo hadi mstari mzito wa mwisho, ule anaouweka pale tu anapokuwa ameridhika. Lakini soprano ni tupu. Tenor ni tupu. Besi ni tupu. Maneno hakuna. Iliyoandikwa ni sauti ya pili peke yake, mwanzo hadi mwisho, bila kosa hata moja.

Keren alidhani faili limeharibika. Alilifunga, akalifungua tena, akatafuta kama mistari mingine imefichwa. Nilimshika mkono. Nikamwambia liache, halijaharibika.

Ugomvi wetu mkubwa wa ndoa, Symphorien, haukuwa wa ndugu wala wa chakula. Ulikuwa huu. Kila wimbo mpya alianza na soprano. Halafu besi, kwa sababu ndiyo msingi. Halafu tenor, kwa sababu tenor wanalalamika. Sisi wa sauti ya pili tulipewa kilichobaki, noti za kuziba matundu, na mazoezini tulikaa tukingoja hadi miguu iote mizizi. Miaka thelathini na minane nilimwambia, "Weye unatukumbukaka ku mwisho." Naye alicheka, akasema ndivyo muziki unavyojengwa, siku moja nitaanza na ninyi.

Aliniandikia mimi kwanza. Nilimwambia alale.

Keren aliupiga mara tatu. Haufanani na wimbo wowote. Unapanda kidogo, unashuka kidogo, kisha katikati kuna pigo moja ambapo unapanda hadi mahali ambapo sauti ya pili haifiki kamwe, mahali pa soprano, unakaa pale pigo zima, halafu unarudi chini taratibu. Siwezi kukueleza. Utauona mwenyewe kwenye karatasi.

Sasa nisikilize. Sikulaumu tena. Ungeweka rozari kama watu wote, ningeipata namba siku ileile, ningeufungua wimbo siku ileile, na bahasha ya kaki ingebaki juu ya kabati hadi ninakufa. Nisingemwona. Asante kwa daftari, safari hii nasema nikijua ninachoshukuru.

Ninakuomba kitu kimoja. Gauthier atasema anaweza kuijaza mistari mitatu kwa siku moja. Najua anaweza, na atafanya vizuri, na itakuwa kazi ya Gauthier. Wewe ulijifunza noti pamoja na Alphonse kwenye benchi moja, unajua angeweka nini na angekataa nini. Andika soprano. Andika besi. Tenor jiandikie mwenyewe, uimbe mwenyewe, uache kusingizia mgongo. Barua hii inaletwa na Désiré, ndugu yake Mujinga anayefanya kazi kwenye treni; anaondoka Jumanne na atarudi huku mwisho wa mwezi. Unaweza kumpa karatasi. Lakini ningependa uje nazo wewe, upande naye treni hiyo hiyo. Chumba cha Tracy kiko tupu na nimekwisha kutandika kitanda, kwa hiyo usiniaibishe.

Tai nitamnyooshea siku ya misa. Nitaipeleka picha kwa mtu anayezikuza, iwekwe mbele ya altare, si ile ya sandukuni bali ile ya Noeli, tai yake imenyooka, akiwa anacheka.

Unisalimie Léa, mwambie dawa ya macho nimempa Désiré pamoja na barua, iko kwenye soksi. Unisalimie kijana wenu Hénoc na mkewe, na mtoto wao mpya ambaye bado sijaambiwa jina lake, jambo ambalo nimelikumbuka. Mujinga anawasalimu. Keren anakusalimu pia, anasema kama una programu nyingine uliyoizika na mtu, usimtafute yeye.

Mungu awalinde kwenye baridi na kwenye barabara, akuinue mgongo, na akulete.

Ni mimi mulamu wako, niliyekupenda hata nilipokuwa nakutukana,

Edith

Tena: karatasi iko ndani ya bahasha hii, nimeikunja mara moja tu. Mistari mitatu mitupu ni yako, fanya utakavyo. Ule wa pili usiuguse. Hata pale unapopanda juu mno na ukaona kwamba alikosea, usiuguse.